Mwalimu Anatwanga

Siku ya kwanza nilipotwanga makemba, zile ndizi kubwa za kupika, nilifunga mlango, nikafunga dirisha, nikatandika godoro la watoto sakafuni na kuweka kinu juu yake ili majirani wasisikie. Mke wangu alikuwa amelala kitandani, hatua mbili kutoka pale, tumbo lake la miezi sita limeinua shuka.

"Papa ya batoto," akaniambia, "unatwanga makemba ao unazika mutu?"

"Nyamaza. Batasikia."

Nikainua mchi kwa mikono miwili, nikaushusha kwa nguvu zangu zote. Kinu kilichowekwa juu ya godoro hakina msimamo. Kiliyumba, kikapinduka, na zile ndizi zilizotoka motoni dakika ileile zikamwagika juu ya mguu wangu wa kulia. Nilipiga yowe ambalo vinu kumi visingeweza kulifikia.

Jirani yetu, mama mmoja muuza unga ambaye ua wake na wetu unatenganishwa na mabati matatu tu, akaita:

"Mama! Iko nini? Mwalimu anakupiga?"

"Hapana," mke wangu akajibu, "ye ndo anapigwa."

"Na nani?"

"Na makemba."

Kisha kicheko kikaanza upande wa pili wa mabati, na kabla mguu wangu haujapoa, nusu ya mtaa wetu wa Mangobo ilikuwa imeshajua kwamba mwalimu wa Kifaransa amejifungia ndani na kinu.

Ili mtu aelewe kwa nini nilifunga mlango, lazima nieleze nilikolelewa. Papa yangu ni mtu wa milima ya Kivu ya Kaskazini. Alikuja Kisangani kijana, akafungua duka la mabeseni, sabuni na vitenge, na akatuzaa na kutulea mtaa wa Kabondo. Lakini nyumba yetu haikuwa Kisangani. Ukivuka kizingiti umefika Kivu: bugali, maharagwe, kabichi, na viazi siku lori la kwetu lilipofika bila kukwama njiani. Mji mzima unaotuzunguka ulikula lituma, yaani makemba yaliyochemshwa na kutwangwa hadi yawe tonge laini la kuchovya kwenye mchuzi. Papa aliiangalia lituma kama dini ya watu wengine. "Ndizi," alizoea kusema, "Mungu aliiumba ili inywewe." Kwao ndizi hufanywa pombe, na mtu anayeitwanga ili aile alimwona kama mtu anayefulia nguo kwenye divai ya misa.

Mimi niliyezaliwa hapa nilikula lituma kwa marafiki zangu, kisha nikanawa mdomo na kutafuna jani la limau kabla ya kurudi nyumbani, kama vile wengine wanavyoficha sigara.

Jiko letu lilikuwa nchi nyingine ndani ya ile nchi. Papa hakuwahi kuingia mle. Akikosa chumvi mezani alikohoa mara moja. Akikosa maji, mara mbili. Mama na dada zangu walijua kikohozi hicho kuliko daktari. Siku moja alinikuta nimechungulia mlangoni mwa jiko, nina miaka tisa hivi, nafuata harufu ya vitunguu.

"Unatafuta nini mule? Unataka maziwa yakuote kifuani?"

Nililala siku kadhaa mikono yangu ikiwa kifuani, nachunguza.

Nilipokua nilisoma ualimu, na chuoni nikakutana na msichana wa watu wa mto, kutoka upande wa Yanonge. Yeye aliacha masomo mwaka wa pili. Alisema amehesabu waalimu wote anaowajua na hakuna hata mmoja mwenye viatu vizuri. Akaanza kuuza samaki wa kukaushwa sokoni. Nilimuoa, na mpaka leo sijui alinikubali kwa sababu gani, kwa kuwa viatu vyangu alikuwa ameviona.

Siku ya mahari wazee wetu walikosana. Mama yake, mjane mwenye sauti ya kuita pirogi, yaani mtumbwi, kutoka ng'ambo, alikuwa ameamka alfajiri kupika samaki mmoja mkubwa, ngolo mwenye masharubu, katika mafuta ya mawese. Alimweka mbele ya Papa mzima mzima, kichwa kikimwelekea, heshima kubwa kwao. Papa alimtazama yule samaki machoni, kisha akauliza kwa adabu sana:

"Hakuna maharagwe?"

"Maharagi?" mama mkwe akasema. "Ile ya wafungwa?"

Kwa miaka minane iliyofuata, wale wawili walisalimiana kupitia sisi tu. Mama mkwe akija mjini, Papa alikuwa na kazi dukani. Papa akija kwetu, kama mama mkwe yupo, alikumbuka ghafla kwamba kuna mgonjwa wa kutembelea.

Sasa nirudi kwenye kinu. Tulikuwa na mabinti wawili, mkubwa wa miaka saba na mdogo wa minne, na mimba ya tatu ilipofika mwezi wa tano, mke wangu alianza kutokwa na damu. Daktari wa kituo cha afya alimwambia alale. Asibebe kitu, asiiname, asifue, na zaidi ya yote asitwange, mpaka mwezi wa nane. Mke wangu alimuuliza: "Na kula, daktari, ninaruhusiwa?" Daktari akasema ndiyo, ale vizuri. Nikamwona mke wangu akinigeukia taratibu kama mtu aliyeulizwa swali lenye jibu moja tu.

Samaki wake ndio walikuwa wakitulisha. Mimi nafundisha shule ya binafsi, ambako mwalimu hulipwa wazazi wakilipa, na wazazi hulipa wakipata. Meza yake ya sokoni ilipofungwa, tulianza kula kwa delestaje, kama mji unavyogawiwa umeme: leo mchana upande huu, kesho upande ule. Watoto hatukuwakata. Tulijikata sisi, na mke wangu alipokataliwa kukatwa kwa sababu ya mimba, nilibaki mimi, mtaa mzima wenye giza.

Wiki ya kwanza nilinunua chakula kwa mama wa malewa, yule anayepikia wapita njia kwenye kona. Wiki ya pili tulikuwa hatuwezi tena. Nikasonga bugali, mlango umefungwa. Kwa nje ilikuwa bugali. Kwa ndani ilikuwa unga mkavu uliojificha. Binti yangu mdogo alipolitafuna tonge likatoa vumbi.

Na mwezi ule mkurugenzi wetu wa shule hakuwa na chochote cha kutulipa. Wazazi kadhaa wenye mashamba njia ya Banalia walikuwa wameleta karo ya watoto wao kwa baiskeli, kwa mikungu ya makemba. Mkurugenzi akatuita waalimu wote uani na kutugawia kwa kufuata cheo. Mwalimu wa hisabati, mwenye diploma ya juu, alipata mikungu miwili mikubwa. Mimi wa Kifaransa nikapata miwili ya kati. Mwalimu wa michezo alipata mmoja, tena mdogo, akaubeba begani akikimbia, nadhani kwa mazoea.

Nilipofika nyumbani na mshahara wangu kwenye toleka, baiskeli ya kukodi, mke wangu aliinuka kwa kiwiko.

"Makemba! Leo tunakula lituma."

"Nitayachemsha tu, tuyale hivyo hivyo."

"Mutoto wa mu tumbo anataka lituma. Hii bugali yako ya vumbi alishaichoka, anarusha miguu."

Hapa niseme jambo ambalo sijivunii. Nilimtazama binti yangu wa miaka saba, kisha nikautazama mchi uliosimama kwenye kona. Mchi ulimzidi urefu. Na bado niliwaza. Mke wangu aliyaona macho yangu yanavyokwenda na kurudi.

"Unamuangalia wa nini? Ye ndo alinipa hii tumbo?"

Ndipo nikafunga mlango, nikafunga dirisha, na mengine nimeshayasimulia.

Siku ya pili, mguu wangu umefungwa kitambaa, hakukuwa na siri tena ya kulinda. Nilibeba kinu mpaka uani, nikakiweka juu ya udongo kama watu wote, nikaanza. Watu wanadhani kutwanga ni nguvu. Nilipiga mara ishirini, nikahema kama mbuzi, na ndani ya kinu kulikuwa na mabonge yaleyale, yamehama mahali tu. Juu ya mabati kulikuwa na vichwa vitano, na katikati yao kile cha mama muuza unga.

"Mwalimu," akasema, "hauui nyoka. Acha muchi uanguke yenyewe, we unaongoza tu. Na uloweshe na maji kidogo. Kidogo! Bon. Sasa geuza."

Alinifundisha kutoka juu ya mabati kwa nusu saa, akicheka, akifuta machozi, akinisahihisha. Lituma ya siku ile ilikuwa na mabonge kama barabara zetu, lakini mke wangu aliila yote, akalala mkono juu ya tumbo. Sijawahi kusahihisha daftari lililonipa furaha kama ile.

Wanaume wa mtaa walikuwa na mtazamo mwingine. Kinyozi wetu ana benchi mbele ya kibanda chake, na kila jambo la Mangobo huamuliwa pale. Nilipopita wakanisimamisha.

"Mwalimu, keti. Tuambie kweli. Mama alikulisha nini?"

"Lituma."

"Ndiyo. Na ndani ya lituma kulikuwa nini?"

"Makemba."

Wakatazamana kwa huzuni. Kwao ilikuwa wazi kwamba nimetiliwa dawa, kwa sababu mwanaume mwenye akili zake hawezi kushika mchi kabla jua halijazama, mbele ya mabati. Kinyozi alinikata nywele bure siku hiyo. Alifanya hivyo kwa upole, kama mtu anayemwandaa maiti.

Shuleni ilikuwa mbaya zaidi. Niliingia darasa la tatu la sekondari, nikakuta mtu ameandika ubaoni kwa maandishi mazuri kitenzi cha Kifaransa cha kutwanga: *Je pile, tu piles, monsieur pile.* Darasa zima lilikuwa limeinamisha vichwa kama kanisani, mabega yanatikisika. Nilisimama pale na chaki mkononi. Nilifikiria kuwafukuza wote. Kisha niliona kwamba hakuna hata kosa moja la herufi, na kwa darasa lile hiyo haikuwa kawaida.

"Vizuri," nikasema. "Sasa wakati ujao, pamoja nami. *Vous pilerez tous.* Nyote mtatwanga."

Wasichana ndio walioanza kupiga makofi. Wavulana walichukua muda.

Habari ilifika Kabondo siku ya nne au ya tano. Papa hana simu ya kuandikia ujumbe, lakini ana wateja, na mteja mmoja wa mabeseni anatosha. Jumapili, baada ya misa, niko uani, jasho linanitiririka, nimefunga kitenge cha mke wangu kiunoni ili nisichafue suruali yangu pekee nzuri, nikasikia pikipiki ikizimwa mbele ya lango. Papa akashuka, amevaa koti lake la misa. Akasimama. Akatazama kinu, akanitazama mimi, akakitazama kitenge. Kilikuwa na maua makubwa ya manjano.

"Niliambiwa," akasema, "nikakataa. Nikamuambia ule mutu kama iko mwongo."

"Papa, karibu. Mama ya batoto iko mugonjwa, daktari alisema..."

"Na hauna binti?"

"Ana miaka saba."

"Dada zako walianza na sita."

Kabla sijajibu, sauti ikasikika kutoka barabarani, ile ya kuita pirogi. Mama mkwe. Alikuwa ameshuka mtoni asubuhi ile, ametoka kwao kwa mtumbwi wa mashine baada ya kusikia kwamba bintiye amelazwa, na kichwani alibeba kapu la samaki wabichi waliofunikwa kwa majani. Aliingia, akamwona Papa. Wote wawili wakaganda. Miaka minane ilikuwa imesimama katikati ya ua wangu. Kisha macho yake yakashuka mpaka kwangu, kwenye mchi, akatua kapu chini.

"Yesu wangu. Bokilo yangu anatwanga!"

"Si ndiyo?" Papa akasema mara moja. "Mimi pia nimefika sasa hivi, nimekuta hivyo."

"Mukwe! Mwanaume muzima! Na mimi nitakula nini? Kwetu mama mukwe hakuli chakula ya mikono ya mukwe wake. Ni haramu."

"Hata kwetu ni haramu," Papa akasema, ingawa sikuwahi kuisikia haramu hiyo kwetu.

"Na angalia vile anatwanga! Kama mutu anapiga mlango ya deni!"

"Hajui kitu," Papa akakubali. "Nilimusomesha bure."

Walikuwa wamesimama bega kwa bega, wakitikisa vichwa kwa mwendo mmoja. Kutoka ndani nikasikia kitanda kikilia: mke wangu alikuwa anacheka mpaka nikaogopa kwa ajili ya mimba.

Papa alikuwa tayari anageuka arudi zake, mvua ikanyesha. Mvua yetu haimwonyi mtu. Tulibeba kinu, kapu, babula ya makala, jiko letu dogo la mkaa, na watoto, tukajazana wote chumbani, Papa kwenye kiti pekee, mama mkwe kwenye ukingo wa kitanda cha bintiye, mimi na mabinti sakafuni. Mabati ya paa yalipiga kelele hivi kwamba mtu alipaswa kupaza sauti hata kusema pole.

Lituma ilikuwa tayari, umebaki mchuzi. Mama mkwe alitaka kuinuka apike, lakini bintiye alikuwa amemshika mkono, amelaza kichwa pajani mwake, na alipojaribu kujitoa akakuta kwamba mwanamke yule mkubwa, mama wa watoto wawili, analia kimyakimya. Wiki nzima alikuwa amecheka tu. Mama mkwe akakaa. "Lala, mwanangu," akasema, akaanza kumsuka nywele zilizofumuka. Kwa hiyo nikachukua kisu mimi, nikapasua samaki vibaya, kisha nikashika kitunguu.

Papa alikuwa anatazama ukuta. Ila ukuta wetu ni mdogo na macho yake yalimalizika haraka, yakarudi kwenye mikono yangu. Nikakata kipande cha kwanza, kinene kama kidole gumba. Papa akasogea kitini. Nikakata cha pili, kikaruka mpaka chini ya kitanda. Papa akafumba macho. Cha tatu kilitoka na ngozi yake.

"Si hivyo!" akapiga kelele juu ya mvua. "Si hivyo, unaua kitunguu! Leta!"

Alininyang'anya kisu. Akavua koti la misa, akalikunja, akampa binti yangu mkubwa alishike. Kisha akakata kitunguu kile mara mbili, akakilaza, na kisu kikaanza kwenda tatatatata, kasi kuliko macho, na vipande vikaanguka vyembamba, vinapitisha mwanga, vyote sawasawa kama vimepimwa. Alikimaliza, akachukua cha pili bila kuulizwa.

Mama mkwe ndiye aliyeacha kusuka.

"Papa bokilo," akasema, "hii mikono ulijifunza wapi?"

Papa akatazama kisu kama mtu aliyekutwa nacho.

"Kwa mapadri," akasema.

Habari ikatoka kidogo kidogo. Alipofika Kisangani hakuwa na duka wala beseni. Alikuwa na miaka kumi na minane na shati moja. Misheni moja ng'ambo ya mto ilimpokea jikoni, akaanza kwa kuosha masufuria, akawa msaidizi, akawa mpishi mwenyewe. Miaka minne. Supu, mikate, nyama ya kuchoma, hata keki za Krismasi. Ni kwa kazi hiyo alinunua mabeseni yake ya kwanza. Mimi ni mtoto wake wa kwanza, nakaribia miaka arobaini, na nilikuwa nasikia hayo pamoja na binti yangu wa miaka minne.

"Lakini Papa," nikasema, "na maziwa kifuani?"

"Ile ilikuwa kazi," akajibu kwa ukali. "Kazi haina aibu. Unavaa kitambaa cheupe, unalipwa, unavua, unaenda. Nyumbani ni kitu ingine."

Mama mkwe alikuwa amemkazia macho.

"Alors," akasema polepole, "mapadri balikula. Wazungu balikula. Na mama ya batoto wako alikufa bila kuonja."

Niliona maneno yale yakimfikia. Mama yangu alikuwa amefariki miaka sita iliyopita, na nyumbani kwetu hatukumtaja sana, kwa sababu Papa alikuwa anaondoka mezani. Mvua ilipiga. Papa alikusanya vitunguu kwa upande wa kisu, akavipanga, akavipanga tena.

"Alionja," akasema. "Wakati alimuzaa uyu." Akaninyooshea kisu. "Alikuwa zaifu, dada zake bote walikuwa Kivu. Nilimupikia siku tatu. Nilipeleka ku materniti, nikasema chakula imetoka kwa masista."

"Na yeye alijua?" mke wangu akauliza kutoka pajani mwa mama yake.

"Siku ya tatu aliniambia: uambie masista, wazidishe chumvi."

Hakuna aliyejua kama acheke. Papa ndiye aliyeanza, kicheko kikavu ambacho sikukijua, na machoni alikuwa na maji, akavitupia vitunguu lawama. Mama mkwe naye akajifuta kwa kitambaa cha kichwa. Kisha akauliza, kwa sababu kuna mambo ambayo mtu wa mto hawezi kuyaacha yapite:

"Ilikuwa chakula gani? Samaki?"

"Supu ya kuku. Na viazi, na seleri."

"Hakuna samaki?"

"Samaki ilikuwa ya mapadri, siku ya Ijumaa."

"Na unajua kumupika?"

"Mama," Papa akasema, na kwa mara ya kwanza tangu mahari alimwita hivyo, "nimepikia askofu."

Kilichofuata kilikuwa vita vya kweli, na babula ilikuwa katikati. Papa alitaka mafuta kijiko kimoja, mama mkwe alimimina mawese kwa kikombe. Papa aliomba pilipili iwekwe nzima itolewe baadaye, mama mkwe aliipasua kwa kidole gumba na kuitupa mle na mbegu zake. Papa alisema mchuzi uive polepole, mama mkwe alipuliza makala mpaka cheche zikaruka kwenye suruali ya misa. "Utaharibu!" "We utaharibu, hii samaki inanijua!" Mimi na mabinti tulijibana ukutani. Harufu ilipoanza kutoka, tuliacha kujibana, tukasogea.

Ikabaki haramu. Mama mkwe alitafakari sana, sahani mkononi. Mwishowe alitoa hukumu: samaki alipikwa na baba wa mkwe, na sheria haijasema chochote juu ya baba wa mkwe. Lituma ndiyo ilikuwa na tatizo, kwa kuwa niliitwanga mimi. Basi binti yangu mkubwa aitoe kwenye kinu kwa mikono yake, aitengeneze matonge, na hapo itakuwa lituma ya mjukuu. Binti yangu alifanya kazi hiyo kwa uzito wote, akilowesha viganja kwa maji, na kumwekea bibi yake tonge kubwa kuliko yote.

Papa alipewa lake. Alilitazama kama alivyomtazama yule ngolo wa siku ya mahari. Akamega, akachovya, akaweka mdomoni. Sisi wote tukasahau kula.

"Kuko mabonge," akasema.

Akamega tena. Alikula matonge matatu, na la nne alisema ni kwa sababu mvua bado haijakatika.

Mama mkwe alibaki kwetu mpaka mtoto alipozaliwa, salama, msichana wa tatu, mwenye mapafu ya bibi yake. Alininyang'anya mchi siku ileile ya mvua na hakunirudishia hata mara moja, si kwa haramu, alisema, bali kwa huruma ya makemba. Alipoondoka na mke wangu akarudi sokoni, mchi ulirudi kwangu, kwa sababu yeye huamka saa kumi alfajiri kuwahi samaki na mimi hutoka shuleni saa saba mchana. Sasa natwanga vizuri. Mama muuza unga haniangalii tena, na hicho ndicho cheti changu. Wanaume wa kwenye benchi bado wanasema nilitiliwa dawa, lakini kinyozi, mke wake alipokwenda kwenye kilio Isangi wiki mbili, alikuja kwetu kuazima chumvi, akasimama mlangoni muda mrefu kwa mtu aliyekuja kuazima chumvi, kisha akaniuliza kwa sauti ya chini makemba huchemshwa na maganda au bila maganda.

Papa hakubadilika. Kabondo bado anawaambia rafiki zake kwamba ndizi ni ya kunywa. Ila Jumapili huja "kuwaona watoto", na kila mara huwaona wakati wa chakula, na mara nyingine hubeba vitunguu viwili mfukoni mwa koti.

Ugomvi wa sasa ni wa mtoto. Alipofika miezi sita, mama mkwe alipiga simu kutoka kwao kuagiza kwamba chakula chake cha kwanza kiwe makemba mabivu yaliyopondwa na tone la mawese, kama walivyoanza watu wote wenye akili. Papa, aliyekuwa ameketi hapo, aliiomba simu na kueleza kwamba mtoto wa ukoo wake huanza na uji wa mtama, na kwamba mawese ni mazito kwa tumbo la mtoto.

"Wewe ulimupikia askofu," tukasikia sauti ile ikitoka kwenye simu bila spika, "haukumupikia mutoto!"

Walibishana mpaka salio likaanza kulia. Mimi na mke wangu tulikuwa tunawasikiliza, tumegawanyika kila mtu upande wa mzazi wake, na hakuna aliyemtazama mtoto mkekani. Binti yetu wa kati ndiye aliyetuita. Mtoto alikuwa amejivuta mpaka kwenye babula iliyopoa, ameokota kipande cha mkaa na kukitia mdomoni, na alikuwa anakitafuna kwa fizi zake, mdomo mweusi, ameridhika kabisa.

Mke wangu alimwinua, akamchokoa mdomo kwa kidole, huku mtoto akipigania chakula chake.

"Bon," akasema, "na uyu iko kabila gani sasa?"